Msanii Aliyekubali Kutumwa

Watu wengi wakisikia neno msanii humfikiria mtu aliyejitenga. Humwona chumbani peke yake, brashi mkononi, akingojea wazo limshukie. Na kazi ikiisha hulitia jina lake pembeni, ili pasiwe na shaka ni ya nani. Picha hii tumeirithi, tumeifundisha, na sasa tunaiamini kana kwamba ni amri. Nakusudia kuipinga katika kurasa hizi chache. Sisemi kwamba mwenye kufanya kazi peke yake si msanii. Nasema kwamba yuko msanii wa namna nyingine, ambaye kazi yake huanza kwa kuuliza, tena haitimizwi na mkono wake pekee; na kwamba msanii huyo, katika dunia hii iliyojaa watu waliong'olewa makwao, anastahili heshima ambayo wengi wanamnyima hata leo.

Nachukua mfano mmoja wa kweli, kwa sababu hoja isiyo na mfano ni kama kisima kisicho na kamba: maji yamo, lakini hayanyweki. Emily Jacir ni msanii wa Kipalestina. Utoto wake aliupitisha Saudia, akasoma shule ya sekondari huko Italia, na katika safari zake alikuwa na pasipoti ya Marekani. Mtu aliyezaliwa katika nchi iliyotulia hajui upesi uzito wa kijitabu kile kidogo. Kwa mwenye nacho, lango hufunguliwa na askari humpisha kwa adabu. Kwa asiye nacho, lango lile lile ni ukuta. Jacir aliamua kukitumia kijitabu chake kwa ajili ya watu waliokikosa. Kati ya mwaka 2001 na 2003 aliwauliza Wapalestina wenzake swali moja: kama angeweza kuwafanyia jambo lo lote, mahali po pote katika Palestina, wangependa awafanyie nini? Walipomjibu, alikwenda akafanya.

Ni lazima msomaji ajue kwa nini watu hao walihitaji mtu wa kumtuma. Mwaka 1948, wakati dola ya Israeli ilipoundwa na vita vikapiganwa, Wapalestina zaidi ya 700,000 walikimbia au walifukuzwa makwao. Hawakuruhusiwa kurudi. Mwaka 1949 Umoja wa Mataifa uliunda shirika maalumu la kuwatunza, na leo wakimbizi hao na wazao wao walioandikishwa na shirika hilo wamepita milioni 5. Wengine hawakuvuka mpaka wo wote, walakini nao wamefungiwa: mtu wa Gaza hawezi kwenda Ukingo wa Magharibi apendavyo, na mtu wa Bethlehemu, aliye karibu kilomita 10 tu kutoka Yerusalemu, hawezi kuingia mji huo bila ya kibali. Mtu aweza kuwa mgeni mbele ya mlango wa nyumba yao.

Walioomba walikuwa watu wapatao 30, na maombi yao hayakufanana. Mmoja aliomba msanii aende katika kijiji cha wazazi wake, akanywe maji ya huko. Mmoja aliomba aende Haifa, acheze mpira na mvulana wa Kipalestina wa kwanza atakayemwona njiani. Mmoja aliomba aende Gaza akale sayadiya, wali wa samaki ambao watu wa pwani yetu wangeutambua kwa harufu. Mwingine alikuwa akizungumza na msichana wa Yerusalemu kwa simu tu, hajapata kumwona kwa macho. Aliomba msanii akaonane naye kwa niaba yake. Na yuko mmoja ambaye hakuomba maji wala chakula: aliomba msanii aende posta ya Yerusalemu akamlipie bili ya simu, maana yeye mwenyewe hakuruhusiwa kufika huko. Jacir aliyaandika maombi hayo kwa Kiarabu na kwa Kiingereza, pamoja na sababu zake na hati alizokuwa nazo kila mwombaji. Kisha kando ya maneno akatundika picha ya jambo lililotendwa. Basi hiyo ndiyo kazi yenyewe, ambayo jina lake kwa Kiswahili lingekuwa Tunakotoka.

Ombi moja linatosha kuonyesha nguvu yake. Mwanamume mmoja wa Bethlehemu aliomba kaburi la mama yake, lililoko Yerusalemu, lipelekewe maua na kuombewa siku ya kuzaliwa kwake marehemu. Jacir alikwenda. Katika picha hatumwoni uso. Twaona kivuli chake kimelala juu ya kaburi. Kisha msanii anaeleza kwamba alipofika alijikuta kati ya watalii waliokuwa wakilitafuta kaburi la Oskar Schindler, Mjerumani aliyewaokoa Wayahudi wapatao 1,200 wakati wa Vita Kuu ya Pili. Schindler anastahili wageni wake. Asiye na shukrani kwa mtu wa namna ile hana utu. Lakini tazama jinsi mambo yalivyosimama: mgeni kutoka bara jingine alifika pale bila ya kizuizi, na mtoto wa kumzaa aliye kilomita chache tu kutoka kwa mama yake alihitaji ruhusa. Jambo hilo msanii hakulibuni. Alilikuta kwa sababu alikwenda, na alikwenda kwa sababu alitumwa.

Sasa nawageukia wapinzani, nao ni wa namna nne.

Wa kwanza husema: "Kulipa bili ya simu kuna usanii gani? Hata tarishi wa ofisi hufanya hivyo kila siku." Naam, tarishi hufanya hivyo; na fundi wa nyumba hupaka rangi ukutani, wala hatusemi kwamba kwa hiyo uchoraji si sanaa. Jambo moja likitendwa kwa makusudi mawili huwa mambo mawili. Tarishi hulipa bili ili deni liishe. Jacir alilipa ili tuone kwamba yuko mtu mzima, mwenye akili na fedha zake, asiyeweza kufika dirisha la posta. Tena ustadi wake uko katika swali. Angaliuliza, "Mnateseka namna gani?" angalijibiwa kwa vilio, na vilio vya watu walio mbali masikio ya dunia yameshavizoea. Aliuliza watakacho, na mtu akiulizwa atakacho husema yeye ni nani. Anayetaka maji ya kijiji, anayetaka samaki na anayetaka kucheza mpira ni watu watatu mbalimbali, japo magazeti huwaita wote kwa jina moja la wakimbizi. Kuwatoa watu katika jina moja na kuwarudishia sura zao ni kazi ya sanaa tangu zamani. Jacir ameifanya bila ya kuchora uso hata mmoja.

Wa pili husema: "Kazi ya wengi haina mwenyewe. Ama ni ya msanii, ama ni ya waliomtuma. Haiwezi kuwa ya wote." Huyu hajapata kusimama katika ngoma. Mtoa wimbo huanza, waitikiaji hupokea, na mpiga ngoma huwashika wote pamoja. Mwondoe mmoja uone kama wimbo utabaki. Lakini nitamjibu kwa kazi nyingine ya msanii huyu huyu. Mwaka 2001, huko New York, Jacir alitwaa hema la wakimbizi, akaandika juu ya turubai yake majina ya vijiji 418 vya Wapalestina vilivyoharibiwa au kuachwa tupu mwaka 1948, kama vilivyoorodheshwa katika kitabu cha mwanahistoria Walid Khalidi kilichotolewa mwaka 1992. Kisha akaufungua mlango wa chumba chake cha kazi, akawaalika watu waje kuyashona majina hayo kwa uzi mweusi. Walikuja watu zaidi ya 140: wanasheria, walimu, madaktari wa meno, wanamuziki, watu wa benki. Wengine walikuwa Wapalestina ambao wazee wao walitoka katika vijiji hivyo. Wengine walikuwa Waisraeli. Wengine walikuwa watu wa mataifa mengine kabisa, waliokuja kwa sababu waliitwa.

Wapo waliojua kushona na wapo ambao hawakujua. Kwa hiyo herufi nyingine zimenyoka na nyingine zimepinda. Fikiri, ewe msomaji, kama msanii angaliamua kumpa fundi mmoja hodari aishone kazi yote. Hema lingalipendeza zaidi, na maana yake ingalipungua. Mshono uliopinda ndio ushahidi kwamba mtu asiye fundi aliketi pale jioni, akajichoma sindano, akalirudiarudia jina la kijiji asichokijua mpaka akalijua. Na hema lile halikukamilika: siku ya kulionyesha ilifika, na majina mengine yalikuwa bado ni alama za penseli tu, hayajapata uzi. Mwenye kutafuta uzuri mtupu ataona hiyo ni kasoro. Mimi naona ndiyo kauli iliyo wazi kuliko zote. Kumbukumbu ya jambo kama lile haimalizwi na mtu mmoja, wala na watu 140, na hema linakiri hivyo mbele ya kila alitazamaye.

Wa tatu husema: "Haya ni kuchokonoa majeraha. Yaliyopita yamepita, afadhali watu wasahau, waishi kwa amani." Maneno haya yana sura ya hekima, na kwa hiyo ni ya hatari. Aghalabu anayewahimiza wengine kusahau ni yule ambaye hakupotewa na kitu. Aliyenyang'anywa shamba haulizwi kama amechoka kukumbuka. Tena hakuna taifa linaloishi kwa kanuni hiyo. Wayahudi, baada ya mauaji makubwa waliyotendewa na Wanazi huko Ulaya, waliunda mwaka 1953 huko Yerusalemu taasisi ya Yad Vashem, ambayo mpaka leo inayakusanya majina ya waliouawa, moja moja, ili asisahauliwe hata mtoto mchanga. Wamefanya vyema, na mwalimu ye yote mwenye dhamiri atawafundisha wanafunzi wake hivyo. Basi jambo lililo jema kwa huyu haliwezi kuwa uovu kwa jirani yake. Ukiheshimu daftari la majina la mmoja, huna haki ya kulicheka hema la majina la mwingine. Na wale Waisraeli waliokuja kushona walilijua jambo hili. Waliketi kando ya wenzao, wakapokezana sindano, na hakuna aliyewadai wayasahau ya kwao. Kisasi hufanywa na watu waliokataa kusikilizana. Haijapata kusemwa kwamba kilifanywa na watu walioshiriki uzi mmoja.

Wa nne ndiye mpinzani wa kweli, na kwake sina budi kwenda polepole. Husema: "Msanii hupata sifa, na aliyemtuma hubaki nyuma ya ukuta. Mwaka 2007, katika maonyesho makuu ya sanaa ya Venice, Jacir alitunukiwa Simba wa Dhahabu anayepewa msanii aliye chini ya miaka 40. Mwana wa yule mama aliyezikwa Yerusalemu alitunukiwa nini?" Neno hili lina uzito, wala si haki kulijibu kwa hasira. Ni kweli kwamba maua yalifika na mwana hakufika. Ni kweli kwamba picha haifungui lango. Ni kweli pia kwamba mambo yamezidi kuwa mabaya: vita vilivyozuka Oktoba 2023 viliwahamisha watu wa Gaza wapatao 1,900,000, tisa katika kila kumi, kwa hesabu ya Umoja wa Mataifa, na yule aliyetamani samaki wa Gaza asingepata mtu wa kumtuma. Asemaye kwamba sanaa imeyazuia hayo ni mwongo.

Lakini mpinzani wangu ametumia kipimo kisichofaa. Hatuulizi kama daktari amekomesha kifo; twauliza kama amemtendea haki mgonjwa aliye mbele yake. Haki ambayo msanii anadaiwa ni hii: asichukue bila ya kupewa, asiseme yasiyosemwa, na asijionyeshe kuwa yeye ndiye aliyeteseka. Jacir ameitimiza. Yeye mwenyewe ni kivuli juu ya kaburi. Maneno ni ya waliomtuma, na haja ni zao. Hakujifanya kuwa na ukuta uliokuwa haumzuii. Kinyume cha hayo, kila picha yake yasema waziwazi: mimi niliweza kufika hapa, na mwenye haki ya kufika hakuweza. Sifa aliyopata haikuufunika udhalimu ule; imewalazimisha watu wa majumba makubwa ya sanaa wausome ukutani, ilhali walikuja kutazama mapambo.

Katika lugha yetu neno kutumwa lina sura mbili. Yuko atumwaye kwa kuwa hana budi, na huyo twamwita mtumwa. Yuko atumwaye kwa kuwa ana adabu: mtoto aliyelelewa vizuri hutumwa na mzee yeyote mtaani, naye huenda, na kurudi kwake hutoa habari kamili bila ya kuongeza wala kupunguza. Wazee husema mjumbe hauawi, na maana yake ni kwamba mjumbe mwaminifu hubeba neno la mwingine, si lake. Nasema kwamba Jacir amerudisha katika sanaa heshima ya mjumbe. Wale waliozoea kumwona msanii kama mfalme wanaona hilo ni kujishusha. Na wajue kwamba mtu asiyekubali kutumwa na wenzake hawezi kuzijua haja zao, na asiyezijua haja zao hana la kutuambia juu yao.

Msidhani, enyi wanafunzi, kwamba haya ni mambo ya ng'ambo tu. Nchi yetu ina kambi za Dadaab zilizoanzishwa mwaka 1991, na kambi ya Kakuma iliyoanzishwa mwaka 1992. Wako watu waliozaliwa humo, wakasoma humo, na sasa wanalea watoto wao humo humo. Kila mwaka, tarehe 20 Juni, Siku ya Wakimbizi Duniani huadhimishwa, na wanafunzi wa shule zetu huambiwa wachore mkimbizi. Mnachora nini? Mnachora hema, mtoto mwenye machozi, na mama mwenye mzigo kichwani. Nimeziona picha hizo nyingi. Zina huruma, na nyingine zina ustadi. Lakini nimepata kuuliza ni nani kati ya wachoraji hao aliyezungumza na mkimbizi hata mmoja, na darasa zima likanyamaza. Machozi yale ni ya nani, basi? Ni machozi mliyoyadhania. Mmempaka mtu rangi ya huzuni bila ya kumwuliza kama ana huzuni, au kama siku hiyo alikuwa na shauku ya mpira, au ya samaki, au ya kulipa deni lake kwa mkono wake mwenyewe.

Nami nawalaumu zaidi watu wazima kuliko ninyi. Wako wapiga picha wanaoingia kambini asubuhi na kutoka jioni, wakiwa na sura za watoto ambao hawakuyajua majina yao. Picha hizo huenda mbali, huwatoa watu machozi na fedha, na aliyepigwa hajui kama uso wake umetundikwa mji gani. Hiyo nayo huitwa sanaa ya kuwahurumia waliohamishwa. Mimi naiita kuchukua. Mtu aliyekwisha kunyang'anywa nyumba, shamba na makaburi ya wazee wake hastahili kunyang'anywa na uso pia, hata kama anyang'anyaye analia.

Tofauti ya kazi hizo mbili haiko katika vyombo, kwa maana Jacir naye alitumia kamera. Iko katika mpango wa mambo. Mmoja huja na jibu, akatafuta uso wa kulibandika. Mwingine huja na swali, akangoja jibu, akalifuata lilikompeleka, hata likimpeleka kwenye dirisha la posta. Wa kwanza hurudi na kile alichokijia. Wa pili hurudi na kitu asichokitazamia.

Kwa hiyo natoa shauri ambalo ni rahisi kulisema na gumu kulitenda. Itakapofika siku ya kuchora, msianze kwa penseli. Katika darasa lenu, au mtaani kwenu, au nyumbani kwenu penyewe, yuko mtu aliyehamishwa mahali: kwa vita, kwa mafuriko, kwa ugomvi wa ardhi, au kwa kubomolewa nyumba. Mwendeeni kwa adabu. Kama ni mzee, mwamkieni kwanza, mkae chini, mngoje awaulize shida yenu. Kisha mwulizeni kuna jambo gani angependa lifanywe kule alikotoka, ambalo yeye hawezi kulifanya. Kama hataki kusema, shukuruni mwondoke. Ukimya wake ni mali yake. Kama atasema, na jambo lenyewe liko ndani ya uwezo wenu, lifanyeni kwanza. Mkiwa mmelifanya, mrudieni na habari, bila ya kuongeza wala kupunguza, na mwulizeni kama wengine wanaruhusiwa kuiona. Hapo ndipo penseli itoke mfukoni.